Kabla Hujafungasha Stethoskopu Yako

Kila msimu wa utarajali unapokaribia kwisha, madaktari vijana kutoka Dar es Salaam, Mwanza na Mbeya huniandikia wakiuliza swali lile lile: Daktari, nije Uingereza lini? Mimi ni daktari wa moyo, na miaka niliyofanya kazi huku sasa imeipita ile niliyofanya nyumbani. Jibu langu huwakera wengi: usiharakishe. Kaa kwanza, walau miaka miwili, katika wodi yenye wagonjwa wengi wa vali, ile milango ya moyo inayopitisha damu upande mmoja tu.

Katika majira yangu ya kwanza ya baridi, niliitwa usiku kumwona bibi mmoja aliyekuwa akihema kwa shida, na katika faili lake ilikuwa imekwisha kuandikwa kwamba ana maambukizi ya mapafu. Nilimlaza kwa ubavu wa kushoto, nikaweka ule upande mdogo wa stethoskopu penye ncha ya moyo, nikamwomba atoe pumzi na kuizuia kidogo. Hapo nikausikia, kwa mbali sana, mngurumo wa damu inayojipenyeza katika vali ya mitrali, ile iliyo kati ya vyumba viwili vya kushoto vya moyo, iliyosinyaa. Nyumbani nilikuwa nikiusikia karibu kila wiki, kwa mabinti ambao hawajafika hata miaka 25. Wenzangu wa zamu, ambao walijua mengi nisiyoyajua kuhusu kuzibua mishipa ya moyo kwa waya unaopitishwa kwenye kifundo cha mkono, walikuwa hawajawahi kuusikia. Asubuhi kipimo cha eko, yaani picha ya moyo kwa mawimbi ya sauti, kikathibitisha, na bibi mwenyewe akakumbuka kwamba utotoni aliugua homa ya baridi yabisi, ambayo huweza kuharibu vali za moyo.

Masikio yale sikuyapata Uingereza. Anayekuja mara tu baada ya utarajali atakuwa hodari wa magonjwa ya huku, lakini atabaki mgeni wa magonjwa ya kwao.

Kuhusu mitihani sina mengi, kwa sababu inasomeka na watu wanafaulu. Utapimwa Kiingereza, kisha utafanya PLAB, mtihani wa madaktari waliosomea nje ya Uingereza, sehemu ya kwanza, yenye maswali 180 ya kuchagua majibu kwa saa 3, halafu sehemu ya pili mjini Manchester, ambako utawahoji waigizaji wanaojifanya wagonjwa. Hati ya mwenendo mwema iombe mapema kutoka Baraza la Madaktari Tanganyika. Jihadhari na wakala anayekufuata kukuahidi kazi, maana Tanzania imo katika orodha ya nchi ambazo waajiri wa Uingereza hawaruhusiwi kwenda kuchukua watumishi wa afya. Wewe mwenyewe unaruhusiwa kuomba moja kwa moja, na hakuna sababu ya kumlipa mtu kwa hilo.

Jambo gumu zaidi ni kushuka cheo. Nyumbani nilikuwa nikiongoza raundi. Huku nilianza kwa kutoa damu na kuandika barua za kuwaruhusu wagonjwa, chini ya watu niliowazidi umri. Ubingwa wa moyo unakutaka upite kwanza miaka 3 ya tiba ya jumla pamoja na MRCP, mitihani ya vyuo vya kifalme vya madaktari wa Uingereza, kisha miaka mingine 5 au zaidi, na nafasi hugombewa vikali. Mweleze mwenzi wako hesabu hiyo kabla ya kukata tiketi, si baada.

Halafu kuna deni la nyumbani. Wengi humtaja Magdi Yacoub, daktari wa upasuaji wa moyo, Mmisri aliyehitimu Cairo mwaka 1957, akajijengea jina la upandikizaji wa moyo katika hospitali ya Harefield, Uingereza, kisha akaanzisha kituo cha moyo Aswan, huko kwao Misri, mwaka 2009. Ninachokiona mimi katika habari yake ni kwamba kituo kile kina watu wake wa kufanya kazi mwaka mzima. Mimi nilianza vibaya. Nilituma mashine ya eko iliyotumika katika hospitali moja ya mkoa, nikapigwa picha nayo, na baada ya miezi michache kipimio chake, kile kinachowekwa kifuani mwa mgonjwa, kikaharibika bila fundi wala kipuri. Nilipokwenda likizo niliikuta imefunikwa kitenge.

Siku hizi sitoi mashine. Tangu Taasisi ya Moyo ya Jakaya Kikwete ianzishwe mwaka 2015, nyumbani kuna mabingwa wanaofanya mengi yaliyokuwa yakipelekwa India, kwa hiyo usirudi ukijifanya mwalimu wa kila mtu. Ninachofanya ni kukutana mtandaoni kila Jumatano jioni na daktari mmoja wa hospitali ile ile ya mkoa, tukasoma picha za eko pamoja. Wiki iliyopita alinionyesha vali ya binti wa miaka 14, nikasema imevuja kidogo tu, ya kumwangalia. Akanyamaza, akairudisha picha nyuma mapigo mawili, akasema, “Kaka, tazama tena ncha ya kile kipande cha mbele.” Ncha ile ya vali ilikuwa imeanza kunenepa, dalili ya baridi yabisi ambayo mimi sikuiona. Binti yule ameanza sindano za penisilini za kuzuia homa ile isirudi, moja kila baada ya wiki 4.