Mwanao Akipangwa Kudaka, Usimwondoe

Mwaka wa kwanza mwanangu kucheza besiboli hapa St. Louis, Marekani, kocha alimvisha barakoa ya chuma na kinga ya kifua, akamwambia achuchumae nyuma ya mpigaji, adake mipira ambayo mrushaji anamrushia mpigaji huyo. Niliumia. Niliona amepewa kazi ya kuokota mipira huku wenzake wakishangiliwa, na nilibakiza kidogo tu nimwondoe. Mzee mmoja, mjukuu wake yuko timu hiyohiyo, akaniambia: "Mama, kwanza kamtazame Yadier Molina, halafu uamue."

Ilikuwa 2022, msimu wa mwisho wa Molina. Kijana huyo wa Bayamón, Puerto Rico, aliidakia Cardinals, timu ya hapa St. Louis, misimu 19 tangu 2004 bila kuhama. Kaka zake wawili, Bengie na José, nao walikuwa wadakaji, na wote watatu wamewahi kutwaa World Series, fainali ya ubingwa wa besiboli Marekani. Septemba hiyo, yeye na mrushaji Adam Wainwright walianza mechi pamoja kwa mara ya 325, wakavunja rekodi iliyokuwapo tangu 1975.

Nilijifunza kuacha kuufuata mpira kwa macho. Mtazame mdakaji. Kati ya wachezaji tisa walio uwanjani, yeye peke yake ndiye anayewaelekea wenzake usoni, na kwa vidole vyake ndiye anayemwashiria mrushaji mpira wa kurusha.

Tena, mzazi, usihesabu mipira aliyopiga tu. Mwaka 2006 wastani wa Molina wa kupiga ulikuwa .216, yaani alifaulu kama mara mbili tu kati ya kumi, duni kabisa. Cardinals hawakumtoa, maana warushaji walimhitaji. Oktoba, mechi ya saba na Mets kule New York, matokeo 1-1, zamu ya tisa, ya mwisho, ni yeye aliyepiga mpira ukavuka ukuta, pigo linaloleta pointi. Timu ikaingia fainali, ikachukua ubingwa. Alistaafu na tuzo tisa za Gold Glove, za ustadi wa kudaka na kulinda uwanja.

Sasa ya nyumbani. Vifaa vimkae sawasawa, usimnunulie vya kukulia, na kinga ya kinena asiikose hata mazoezini. Mkono usio na glavu aufiche nyuma. Mpira ukija chini asijaribu kuudaka: ashuke magoti, glavu iguse ardhi katikati ya mapaja, kidevu kiinamie kifuani, mabega yaje mbele, mpira umgonge kifuani udondoke hapohapo. Sisi tulianza na mipira ya tenisi uani. Siku mbili alilia. Ya tatu akaacha kufumba macho. Na usikubali awe mrushaji na mdakaji siku moja, bega la mtoto halihimili.

Juzi aliniomba rangi ya kucha, ya njano. Nilishtuka, akanieleza: jua likizama mrushaji haoni vidole vyake. Tukakaa kibarazani, nikampaka kucha za mkono wa kulia, moja moja, naye ananionyesha ishara: kimoja, mpira wa kasi, viwili, wa kupinda.