Mtu wa lokesheni anaweza kuwa prodyuza?

SWALI: Nasimamia lokesheni, yaani sehemu za kupigia picha, kwenye tamthilia hapa Dar. Nataka kuwa prodyuza, lakini wenzangu wanasema nibobee idara moja, eti anayeshika kila kitu hashiki chochote. Nianze kujifunza nini?

JIBU: Ungekuwa mpiga kamera, ningewaunga mkono wenzako. Prodyuza ni habari nyingine.

Mtazame Frank Marshall wa Marekani. Alianza kwa mwongozaji Peter Bogdanovich, kwenye filamu iliyotoka 1968, akifanya kila alichotumwa. Baadaye akasimamia lokesheni, kama wewe, na 1981 ikatoka filamu ya kwanza ya Indiana Jones, prodyuza akiwa yeye. Walipokuwa wakipiga Tunisia, watu wa matukio ya hatari waliugua, wakakosa wa kuigiza rubani Mjerumani. Marshall akavaa nguo za rubani, akakaa ndani ya ndege kwenye jua kali. Watu husimulia kama kichekesho. Mimi naona hesabu. Siku ikisimama, timu nzima inalipwa kwa kukaa.

Kwa hiyo anza na kuchambua skripti. Chukua sini moja, yaani tukio moja la hadithi: “Asha anashuka daladala usiku, mvua inanyesha.” Ni mstari mmoja tu, lakini wewe unatakiwa uone daladala ya kukodi na dereva wake, abiria wa kulipwa, boza la maji, jenereta, nguo za Asha seti tatu zinazofanana (kila mkirudia, amelowa), chakula cha usiku, na gari la kurudisha watu makwao. Sasa muulize mwongozaji kama mvua inaweza kuwa imeshakatika. Akikubali, boza linatoka, mnalowesha lami kwa ndoo, na seti moja ya nguo huenda ikatosha. Hapo ndipo uprodyuza wenyewe ulipo, na bado hujagusa kamera.

Ratiba hutakuwa mgeni nayo: sini za nyumba moja hupigwa pamoja hata kama hadithi imezitawanya. Vibali vya Bodi ya Filamu nadhani umeshavizoea. Kwenye bajeti, tenga kama asilimia 10 ya dharura, na usiruhusu mtu aigeuze posho.

Pengo lako ni fedha na uhariri. Kwenye kazi ijayo omba kumsaidia mhasibu wa produksheni, hata kwa malipo pungufu, kisha uombe kukaa na mhariri. Yeye ndiye atakayekuonyesha ni sini zipi mlizilipia bure.