Maswali ya Wasomaji: Mizizi ya Kichina na Vidonge vya Presha

SWALI: Kiuno kinaniuma kwa kukaa kitini kutwa nzima ofisini Mtumba. Tabibu wa tiba ya Kichina hapa mjini amenipa pakiti saba za mizizi nichemshe mwenyewe. Nachemsha alfajiri kwa sufuria ya alumini, haraka haraka niwahi daladala. Inatoka chungu, mara nyingine inaungua. Natumia pia vidonge vya presha. Nakosea wapi?
Msomaji, Ilazo, Dodoma

JIBU: Uchungu ni wa dawa yenyewe, usikutishe. Alumini iache, maana huweza kuchanganyika na viambata vya mizizi. Tumia chungu cha udongo au sufuria ya stili. Chemsha jioni. Loweka pakiti moja kwenye maji baridi nusu saa, maji yazidi dawa kwa vidole viwili; mzizi usiolowekwa huiva nje, ndani ukabaki mkavu. Ikichemka punguza moto, funika, dakika 20 hadi 30, kisha chuja. Machicha yatie maji tena, dakika 20. Changanya maji yote, nywa nusu baada ya chakula cha jioni, nusu weka kwenye friji uipashe asubuhi. Iliyoungua mwaga, usiiongezee maji.

Kinachotutia wasiwasi zaidi ni presha. Muulize tabibu kama kuna gancao, mzizi mtamu unaotiwa katika dawa nyingi za Kichina. Huufanya mwili ushike chumvi na maji na kupoteza potasiamu, presha ikapanda. Kama vidonge vyako ni vya kukojoza, potasiamu huweza kupungua zaidi. Mpelekee tabibu vidonge vyenyewe na boksi lake. Ukimwambia "vile vyeupe" hutakuwa umemsaidia. Usiache vidonge. Pima presha kabla ya kuanza, kisha kila siku. Miguu ikivimba, misuli ikilegea au moyo ukienda mbio, acha dawa ya kuchemsha uende hospitali.

Uliza pia kama kuna fuzi, mzizi mwingine wa Kichina. Hiyo ina sumu ya moyo, akonitini, na hutangulizwa jikoni peke yake kwa muda mrefu kabla ya mizizi mingine. Pakiti isiyoandikwa majina ya vilivyomo irudishe.

SWALI: Nitajuaje kama sindano za Kichina, zile nyembamba zisizo na dawa ndani, ni salama?
Msomaji, Chang'ombe

JIBU: Kila sindano itoke kwenye pakiti mpya inayofunguliwa mbele yako, ikitumika itupwe. Tabibu awe amesajiliwa na Baraza la Tiba Asili na Tiba Mbadala. Omba kuona cheti. Kula kidogo kabla, mwenye njaa huzimia kwa urahisi. Mjamzito na anayetumia dawa za kuyeyusha damu waseme mapema. Ukichomwa kifuani au mgongoni juu, kisha ukapata kichomi na pumzi kukatika, hata kama ni saa kadhaa baadaye, kimbilia hospitali: pafu huenda limetobolewa.