Niling'oa masale ya mpaka, baba mdogo hanisalimii

SWALI: Shikamoo Bibi. Kwetu ni Old Moshi, juu kabisa, gari likikushusha bado unapanda kwa miguu. Disemba nilikwenda nyumbani nikakuta ua wa masale, ile mimea ya majani marefu, kati ya kihamba chetu (shamba la ukoo la migomba) na cha baba mdogo umechakaa. Nikaita vijana wakaung'oa, nikajenga ukuta wa tofali. Tangu hapo mzee hanisalimii. Mama anataka nirudi na isale nikaombe radhi. Binamu anasema nimtumie picha ya isale kwa simu, na laki moja, yataisha. – Mjukuu, Tabata

JIBU: Marahaba mjukuu wangu. Picha ya isale! Nimecheka mpaka chai ikanipalia.

Yale masale hayakuwa maua. Alipogawa kihamba, babu yako aliyapanda yawe shahidi wa mpaka, nawe umemng'oa shahidi bila kumuuliza aliyebaki. Na kama baba yako mdogo ndiye kitinda mimba, nyumba ya babu aliachiwa yeye, na makaburi yako migombani kwake. Hasira yake naielewa.

Panda mlima mwenyewe. Tafuta mzee wa ukoo anayemheshimu, atangulie na isale. Mchaga akishalipokea hawezi tena kukataa kusamehe, ndiyo maana wengine wakisikia linakuja huenda kukata majani ya mbuzi mpaka jioni. Basi nendeni alfajiri.

Mama apewe taarifa wiki nzima kabla, aandae mbege, pombe yetu ya ndizi na ulezi: ndizi zichemshwe na kuachwa zichachuke, ulezi uoteshwe, magome ya mti wa msesewe yatafutwe. Siku hizi watu hupeleka kreti la bia. Harusini sawa, kwa hili hapana.

Ile laki iweke ya fundi. Mwambie mzee, mbele ya mashahidi, akuonyeshe mpaka ulipopita. Ukuta ukiwa umeingia kwake hata hatua moja, uvunje. Baraza la ardhi la kijiji lipo, wajumbe 7, lakini kazi yake ni kusuluhisha, na ninyi mna wazee. Usianzie huko.

Nenda masika yakianza. Kipande cha isale ukikichomeka kwenye udongo wenye maji kinashika. Mwombe akukatie vya kwake, mchomeke pamoja. Na vile viatu vyako vyeupe uviache Tabata.