Mbona Sim wangu bado anabeba maji?

Tangu The Sims 4, mchezo wa kompyuta wa kuendesha maisha ya watu wa kubuni waitwao Sim, uanze kupakuliwa bure, tarehe 18 Oktoba 2022, barua kuhusu mchezo huu hazijapungua mezani petu. Nyingi za safari hii zinauliza kuhusu kazi moja: ya mwanamichezo. Kazi hiyo haikuwamo mchezo ulipotoka Septemba 2014, iliongezwa Desemba ya mwaka huohuo, na leo imo ndani ya mchezo wa msingi, hununui kitu. Ina vyeo kumi. Wengi wanakwama kwenye vitatu vya kwanza.

*Bayaya, Sim wangu ni mbeba maji wa timu. Hajachelewa kazini hata siku moja, na kila siku nambonyezea afanye kazi kwa bidii. Wiki tatu za mchezo zimepita, cheo ni kilekile. Nakosea wapi?*
Mbeba maji, Katuba, Lubumbashi

Mdogo wetu, kuwahi kazini hakukupandishi, kunakukinga tu usishuke. Katika kazi hii cheo hutafutwa nyumbani, kabla saa ya kazi haijafika. Mchezo unaangalia mambo matatu: Sim anaondoka na hisia gani, ametimiza kazi ya siku au hapana, na ujuzi wake wa mazoezi umefika pale cheo kinachofuata kinapotaka.

Tuanze na hisia, maana wengi wanaipuuza. Kila kazi ina hisia yake inayoipenda. Ya mwanamichezo ni uchangamfu, ile hali ya mtu aliyejaa nguvu. Sim mwenye furaha tu ataenda kazini na kurudi salama, lakini mstari wa utendaji utasogea kidogo sana. Anayeondoka amechangamka atausogeza kwa kasi zaidi. Hisia zenyewe zinapigana kwa namba: kila jambo linalomgusa Sim linaleta pointi zake, na hisia iliyokusanya nyingi ndiyo inayotawala. Kwa hiyo uchangamfu wa pointi moja unazimwa kirahisi na msongo wa pointi mbili. Ukimwona amekunja uso kwenye picha ya chini kushoto, pitisha kishale juu ya hisia hiyo usome kinachomsumbua, ukiondoe kwanza.

Sasa mpangilio wa asubuhi, na hapa ndipo tunadhani wewe unakosea. Muamshe saa tatu za mchezo kabla ya kazi. Msije mkaogopa, saa moja ya mchezo ni dakika moja tu ya saa ya ukutani, siku nzima ni dakika 24. Choo kwanza, kisha chakula, kisha mazoezi mpaka alama ya kazi ya siku itokee kwenye dirisha la kazi. Kuoga kuwe mwisho kabisa, na usichague kuoga kwa kawaida: bonyeza dushi, chagua lile la kuoga kwa kuchangamka. Hilo ndilo linaloleta uchangamfu, tena linaondoa jasho la mazoezi. Ukimwogesha mapema halafu akaenda kukimbia, anaingia kazini ananuka, na uchangamfu wa dushi umeshapungua njiani. Tena asubuhi usikimbize saa kwa mwendo wa tatu. Mambo yanapitana na saa ya kazi inamkuta bado yumo chooni.

Kama zamu inaanza alfajiri na muda hautoshi, mazoezi ya kazi ya siku yafanywe jioni akirudi. Yanahesabika kwa zamu inayofuata. Asubuhi abakie na choo, chakula na dushi.

Na hilo la kumfanyisha kazi kwa bidii kila siku, liache. Linampandisha utendaji, kweli, lakini linamchosha na kumla burudani. Anarudi jioni hana hamu ya mazoezi, kesho anaondoka na msongo. Litumie siku aliyotoka nyumbani amechangamka na mahitaji yake sita yote yako kwenye kijani. Siku nyingine mwache afanye kazi ya kawaida. Mwisho, fungua dirisha la kazi usome mstari wa ujuzi: mstari wa utendaji ukijaa lakini ujuzi bado haujafika kwa ngazi moja tu, atabaki mbeba maji hata mwaka mzima.

*Wangu anafanya mazoezi kutwa, lakini analalamika maumivu na anaanguka kwenye mashine ya kukimbilia. Nimeuza hata televisheni ili ninunue vyuma. Ujuzi unapanda polepole sana.*
Himbi, Goma

Televisheni usingeiuza. Sim mmoja anaanza na simoleoni (pesa za mchezo) 20,000, na majumba ya mazoezi ya mtaani hayadai kiingilio: Willow Creek kuna Movers & Shakers Gym, Oasis Springs kuna Burners & Builders. Mpeleke huko, afanye mazoezi bure kwa vyombo vizuri kuliko utakavyonunua. Asipokuwa na muda wa kusafiri, bonyeza barabara umwambie akimbie mbio za polepole. Hiyo nayo ni mazoezi, haina gharama.

Kuanguka ni kwa sababu ujuzi bado mdogo. Kutaisha ngazi zikipanda. Maumivu ni kwa sababu unamzidishia. Akionyesha maumivu ya misuli, hana raha, na asiye na raha hajifunzi haraka. Mpe saa mbili za mazoezi, apumzike, ale, aongee na watu, kisha amalizie jioni. Tena kuna siri hapa ambayo si siri kwa aliyesoma maelezo: uchangamfu unaharakisha ujuzi wa mazoezi. Kwa hiyo lile dushi la kuchangamka ni la kazini na la mazoezini pia. Siku ya mapumziko geuza mpangilio, dushi kwanza, mashine baadaye.

Ila pengine tatizo lako lilianza siku ulipomuumba. Kwa kazi hii mpe tabia ya kupenda mazoezi. Sim mwenye tabia hiyo huchangamka kwa wepesi, ingawa nayo ina deni lake: ukimnyima mazoezi siku kadhaa anaingiwa na msongo. Uvivu usimpe kabisa. Ndoto ya maisha ichukue ile ya kujenga mwili, iliyo kwenye kundi la riadha. Ukichagua kundi hilo tu unapewa papo hapo umeng'enyaji wa haraka, unaomsaidia kuweka umbo, na ukiimaliza ndoto yenyewe unapata zawadi ya maisha marefu.

Pointi za kuridhika atakazokusanya njiani msizitapanye kwenye dawa ya kubadilisha hisia. Kuna zawadi inayofanya mazoezi yampe burudani na yasimchafue. Kwa mwanamichezo hiyo ndiyo ya kwanza, maana inafuta nusu ya kazi ya asubuhi. Kuna nyingine ya kuwa na watu wanaokujua mjini, inayokuanzisha kazi kwenye cheo cha juu. Wengi wanainunua wakiwa tayari wameajiriwa, wanashangaa haifanyi kitu. Inafanya kazi siku ya kujiunga tu. Inunue kabla ya kufungua simu kutafuta kazi.

Umeuliza pia, nyuma ya karatasi, kwa nini ana ujuzi wa juu na tumbo bado lipo. Ujuzi na mwili ni vitu viwili. Ujuzi haushuki. Mwili unafuata chakula na aina ya mazoezi: mashine ya kukimbilia inapunguza mafuta, vyuma vinaongeza misuli. Anayekula sahani tatu kila jioni atabaki na tumbo hata akiwa ngazi ya 10.

*Ninaweza kumpeleka Sim wangu achezee Mazembe, nikamwona uwanjani?*
Kamalondo, Lubumbashi

Hapana, kaka. Mazembe haimo, na mechi hazionyeshwi. Sim akienda kazini anatoweka, wewe unabaki na picha yake pembeni na chaguo la namna ya kufanya kazi. Anayetaka kupiga mpira mwenyewe atafute mchezo wa mpira. Huu ni wa kupanga maisha ya mchezaji nje ya uwanja. Mchezo haujui hata timu inaitwaje, unajua tu kama kijana amelala vizuri. Makocha wengi wangeupenda.

Kuhusu swali lako la pili, kazi hii inagawanyika wapi: njia inagawanyika cheo cha tano. Upande mmoja ni mchezaji wa kulipwa, wa pili ni mjenga mwili. Huwezi kuruka kutoka upande mmoja kwenda wa pili katikati. Kabla ya kubonyeza, hifadhi mchezo wako, ili ukijuta urudi nyuma.

*Bakubwa, hapa kwetu umeme unakatika bila taarifa. Mwanangu alifika cheo cha nane, kompyuta ikazima, akalia usiku mzima. Kuna dawa?*
Mama wa Kadutu, Bukavu

Ipo, Mama, tena cheo hicho pengine bado kimo ndani ya kompyuta. Kwenye ukurasa wa kupakia mchezo kuna chaguo la kurejesha hifadhi. Mchezo unatunza matoleo matano ya nyuma ya kila hifadhi, na mwanao achague la karibuni linalofunguka. Likigoma, afungue folda ya Documents, aingie Electronic Arts, kisha folda ya mchezo, ambayo kwenye kompyuta za Kifaransa inaitwa Les Sims 4, kisha saves. Atakuta faili linaloishia .save na mengine yanayoishia .ver0 hadi .ver4. Anakili .ver0 mahali pengine, aondoe lile .save lililoharibika, kisha abadilishe jina la .ver0 ili liishie .save. Namba iliyo katikati ya jina asiiguse.

Kuanzia leo ahifadhi kila Sim anapolala, na kila anaporudi kazini. Hizo ni kama mara mbili kwa dakika 24, wala haichukui muda. Mara moja kwa wiki anakili folda nzima ya saves kwenye flashi.

Kompyuta ya mkononi yenye betri hata ya saa moja inaokoa kuliko ya mezani, kwa sababu umeme ukikatika anapata nafasi ya kuhifadhi. Kwenye mipangilio ya picha kuna hali ya kompyuta ya mkononi. Aiwashe, picha zitapungua uzuri, betri itadumu. Kumbukumbu iwe angalau GB 4, na diski ibaki na nafasi zaidi ya GB 25. Upakuaji ni mzito, kwa hiyo upangieni usiku kwa kifurushi cha bei nafuu, au mahali penye Wi-Fi. Baada ya kuingia mara ya kwanza anaweza kucheza bila intaneti. Kama ameweka nyongeza za watu wengine, aziondoe kila mchezo unapojisasisha, maana hizo ndizo zinazoharibu hifadhi kuliko hata umeme.

*Je, kodi za siri, zile cheats za kurahisisha mchezo, zinasaidia?*
Ndosho, Goma

Zinasaidia sana, mpaka unachoka siku ya pili. Kwenye kompyuta bonyeza Ctrl, Shift na C pamoja, andika testingcheats true, kisha stats.set_skill_level Skill_Fitness 5, naye atakuwa ngazi ya tano. Neno motherlode linaleta simoleoni 50,000. Tunashauri utumie ya pesa kama huna budi, ya ujuzi uiache. Ukiondoa ngazi za ujuzi, kazi hii inabakia na dushi na usingizi tu.

*Sina kompyuta, nina simu ya Android. Nicheze nini?*
Bagira, Bukavu

BitLife. Hakuna nyumba wala dushi, ni maandishi: kila ukibonyeza umri, mwaka mmoja umepita. Una mistari minne, furaha, afya, akili na sura. Ukitaka mwanamichezo anza mapema, usingoje miaka 18. Akiingia sekondari, mwombee nafasi kwenye timu ya shule, kisha kila mwaka, kabla ya kubonyeza umri, bonyeza afanye mazoezi zaidi na timu, na umpeleke jimu. Watu wanasahau mwaka mmoja, miwili, halafu wanashangaa timu za kulipwa zinamkataa. Mwaka uliopita haurudi.

*Sim wangu amefika cheo cha kumi, sasa amezeeka. Niendelee kumfanyisha mazoezi?*
Kampemba, Lubumbashi

Kidogo, na kwa tahadhari. Mzee kwenye mchezo huu anaweza kufa kwa kujichosha kupita kiasi. Kabla ya hapo mchezo unakupa onyo: hisia inatokea ikisema uchovu wake umekuwa wa hatari. Onyo likitokea akiwa kwenye mashine, futa zoezi papo hapo, mlaze, na usimrudishe mpaka onyo lenyewe lipotee kwenye picha yake.