Pencheni Jamii si ya wastaafu wa serikali pekee
Je, Pencheni Jamii ni ya wastaafu wa serikali tu? Hapana. Pencheni Jamii ya Zanzibar, iliyoanza Aprili 2016 kwa shilingi 20,000 kwa mwezi, hulipwa mkaazi aliyetimiza miaka 70, awe tajiri au maskini, hata kama hajawahi kuchangia mfuko wowote. Hapo ndipo inapotofautiana na TASAF, yaani Mfuko wa Maendeleo ya Jamii Tanzania, ambao huteua kaya maskini. Sababu ya kumlipa kila mzee ni nzito: mvuvi wa dema, au mama aliyelima mwani Paje kwa miaka mingi, hakuwa na mwajiri wa kumkatia michango, ilhali uzee unamfika vilevile. Ugumu uliopo ni kuthibitisha umri, kwani wazee wengi walizaliwa nyumbani, mikononi mwa mkunga, bila cheti cha kuzaliwa.