Kuweka, kuvunja na kushikilia rekodi

SWALI: Ninaandika makala kuhusu Chris Boardman, mwendesha baiskeli wa Uingereza. Niliandika kwamba "ameshikilia rekodi ya saa moja mara tatu", yaani rekodi ya kwenda umbali mrefu zaidi kwa baiskeli ndani ya saa moja, mhariri akaukataa usemi huo. Kosa liko wapi, na kati ya kuweka, kuvunja na kushikilia nitumie kipi?

JIBU: Kosa kubwa limo katika -me-. Vitenzi vinavyotaja hali, kama kulala, kuketi na kushika, vikipewa -me- humaanisha kwamba hali hiyo ipo hata sasa: anayeambiwa "mtoto amelala" hategemei kumkuta akicheza. Kwa hiyo "ameshikilia rekodi" ni kusema kwamba rekodi bado ni ya Boardman, na sivyo ilivyo. Aidha, kushikilia hupimwa kwa muda, ilhali kuweka na kuvunja ni matendo ya siku moja yanayohesabika. Andika: "Boardman alivunja rekodi hiyo mara tatu, mwaka 1993, 1996 na 2000, na ile ya mwisho aliishikilia hadi 2005."

Kuweka na kuvunja hutofautiana kwa mtazamo tu. Anayevunja huvunja kitu cha aliyemtangulia, hivyo kitenzi hiki hudai mwenye rekodi atajwe. Kuweka huelekeza macho kwenye kiwango kipya. Tarehe 17 Julai 1993, Graeme Obree, mwendesha baiskeli wa Scotland, aliweka rekodi ya kilomita 51.596 huko Hamar, Norway. Siku sita baadaye, mjini Bordeaux, Boardman akaivunja kwa kwenda kilomita 52.270. Hapo ungeandika "Obree alisikia kwamba Boardman amevunja rekodi yake", msomaji angebaki akijiuliza hiyo "yake" ni ya nani. Taja jina, kulirudia si dhambi.

Mwaka 2000 ndio unaohitaji uangalifu zaidi, na naona waandishi wengi huteleza hapo. Boardman alikuwa amekwenda kilomita 56.375 mjini Manchester mwaka 1996, akiwa amenyoosha mikono mbele, mkao ambao baiskeli ya kawaida hairuhusu. Baadaye Shirikisho la Kimataifa la Mbio za Baiskeli, UCI, likaamua kwamba rekodi halisi ni ile inayowekwa kwa baiskeli ya kawaida, kama ya Mbelgiji Eddy Merckx aliyekwenda kilomita 49.431 katika Jiji la Mexico mwaka 1972. Masafa marefu zaidi yakaondolewa katika hesabu ya rekodi. Boardman akarudi Manchester na baiskeli ya namna hiyo, akafika kilomita 49.441, yaani mita kumi tu zaidi ya Merckx. Ni sahihi kabisa kuandika kwamba alivunja rekodi ya Merckx, ijapokuwa yeye mwenyewe alikwisha kwenda mbali kuliko hapo kwa karibu kilomita saba. Ukiandika kwamba "aliboresha rekodi yake", utakuwa umepotosha.

Mhariri hakukuuliza kuhusu "rekodi ya saa moja", ila mimi ningeibadilisha. Katika hesabu yetu ya saa, saa moja ni pia wakati jua linapokuwa limekwisha kuchomoza au kuzama, na asiyefuatilia mchezo huu anaweza kudhani mbio zilianza wakati huo. "Rekodi ya umbali wa saa moja" inatosha, nayo inaonyesha papo hapo kwamba kinachopimwa ni kilomita, na kwamba muda ni uleule kwa kila anayejaribu.